Siku moja maishani mwangu: mwigizaji wa shuleni, mwandishi wa alfajiri

Saa kumi na moja alfajiri adhana hunikuta niko macho hapa Likoni, daftari limo mapajani. Huu ndio wakati wangu wa kuandika, kwani kukishapambazuka siku si yangu tena. Nimefika onyesho la tatu la tamthilia yangu: mama wa Mji wa Kale anamngoja mwanawe baharia, na jirani anabisha hodi na habari ambayo mama hataki kuisikia. Leo nimeandika mistari sita, nikafuta minne.

Saa kumi na mbili na nusu niko feri. Kwa mtu wa miguu kuvuka ni bure, na kwa kipato changu hilo ni jambo kubwa. Nasimama karibu na ukingo, napitia maneno yangu midomo ikichezacheza. Ng'ambo nanunua mahamri mawili na mbaazi, nala nimesimama, kisha matatu ya Changamwe.

Saa tatu tunaanza. Leo ni shule ya upili, tamthilia teule ya kidato cha nne. Tuko sita na wahusika ni wengi, kwa hiyo kila mmoja wetu ana watu watatu au wanne mwilini mwake. Jukwaa ni meza za bwalo zilizosukumwa pamoja.

Mimi kazi yangu naifanya kwa leso. Mama maskini hujitanda mpaka kwenye paji la uso, mkono mmoja ukishika upindo chini ya kidevu. Bibi tajiri leso huiacha begani, haimfungi wala haimsitiri. Kutoka kwa mmoja hadi mwingine nina muda wa mwenzangu kusema mistari mitatu tu. Nikiwa nyuma ya ubao, pini kati ya meno, navua, nakunja, naitupa begani, navuta pumzi. Leso kwanza, sauti baadaye. Nikianza na sauti, nitatoka na mtu wa uongo, na watoto watamjua papo hapo.

Wanafunzi kitabu wamekimeza. Wengine wanatangulia kutamka maneno kabla yetu. Lakini mama alipokaa chini bila kusema, bwalo zima lilinyamaza, hata wapishi dirishani. Mwisho msichana mmoja akaniuliza: "Madam, kwani kwa nini mama hakuondoka?" Mtahini hataliuliza hilo. Tumelijadili mpaka kengele ikalia, na kwangu hiyo ndiyo ilikuwa nusu bora ya asubuhi.

Malipo yatatumwa, tumeambiwa. Shule moja ya muhula uliopita ilisema hivyo hivyo, na mpaka leo tunapiga simu. Nina miaka kumi na moja katika kazi hii. Watu hunisimamisha sokoni Kongowea, "Wewe si yule mama wa kitabu?", na jina langu hawalijui. Linanigusa, sisemi halinigusi. Hata hivyo hao wamenikumbuka.

Saa tisa nampelekea mwongozaji mmoja wa mjini kurasa zangu. Anazipenda, ila anataka mstari huu ubadilike: "Mato yangu ya ndiani hata jua likatua." Andika macho, andika njiani, aniambia, wa bara hawataelewa. Nimekataa kwa heshima. Mkutano wa 1928 uliochagua Kiunguja, lahaja ya Zanzibar, kiwe msingi wa Kiswahili sanifu ulifanyika hapa hapa Mombasa, na Kimvita, lahaja yetu ya Mombasa, kikabaki cha nyumbani. Usanifu una faida zake, mimi mwenyewe naula mkate wake kila asubuhi shuleni. Lakini mshairi Muyaka bin Haji alitunga kwa Kimvita katika karne ya 19 na hadi leo anasomwa. Mama wa Mji wa Kale akiwa peke yake barazani, mwana hajarudi, hawezi kulia kwa lugha ya mtihani.

Jioni feri imejaa, navuka nimebanwa, kurasa nimezikumbatia kifuani.

Saa mbili usiku namsomea nyanya. Amekaa mkekani, anachambua mchele, ambao kwake ni mtele. Nasoma pale jirani anapoleta habari: mama anainuka, anaomboleza ukurasa mzima, maneno niliyoyapenda mno.

Mkono wa nyanya umesimama juu ya ungo.

"Mjukuu wangu, huyu kashafahamu?"

"Kashaambiwa, nyanya."

"Kuambiwa si kufahamu. Babu yako walipokuja kunambia, mimi niliuliza kama yuwaja kula."

Akarudi kwenye mchele wake. Nami nikachukua kalamu, nikaukata ukurasa wote kwa mstari mmoja kutoka pembe hadi pembe. Mato ya ndiani yamebaki. Jirani anasema yake, mama anatazama sahani iliyofunikwa kawa, anauliza:

"Yuwaja?"