Kalamu ndiyo iliyonilipia tamthilia

Nilipoanza kuandika filamu, enzi za DVD za Kariakoo, kila niliyemuuliza alinipa ushauri uleule: skripti ni kupoteza muda, waelezee waigizaji kisa, maneno watayapata mbele ya kamera. Ushauri huo umeua hadithi nyingi nzuri, na unaniudhi mpaka leo ninapousikia ukirudiwa. Mimi niliandika kila neno, na leo naandika na kutayarisha tamthilia yangu mwenyewe.

Hadithi ya kwanza nilimpelekea msambazaji mmoja. Aliuliza mambo mawili tu: nani yumo, na kava litakaaje. Muswada hata hakuufungua. Akataka niirefushe ipatikane sehemu ya kwanza na ya pili, maana wakati ule hadithi moja iliuzwa kwa diski mbili. Kisha akanisogezea mkataba wa ukurasa mmoja: nalipwa mara moja, masta, yaani nakala mama ya filamu, na haki zote zinabaki kwake milele. Wenzangu wakanisihi nisaini, eti jina likishakua nitadai. Utadai nini na umeshauza? Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda mwandishi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa kwake. Nikuuzie yote hayo kwa hela ya kula mwezi mmoja? Nilichukua muswada wangu nikaondoka.

Soko la diski likafa. Ving'amuzi vikaingia, na chaneli kama Maisha Magic Bongo na Sinema Zetu zikawa zinahitaji tamthilia za Kiswahili. Waliozoea kupiga picha bila skripti wakakwama, kwa sababu chaneli huwezi kuipelekea kisa cha mdomoni. Inataka muhtasari wa msimu mzima, wahusika wanaoeleweka na kipindi kimoja cha mfano.

Kwenye kipindi cha mfano ndipo uandishi uliponiokoa. Nyumba ya kurekodia niliyoimudu ilikuwa Mbagala, kando kabisa ya barabara. Honi, makonda wanaita abiria, fundi wa kuchomelea mlango wa pili. Niliambiwa nikodi nyumba Mbezi au nirekodi usiku wa manane, na vyote viwili ni pesa. Nikakaa na muswada. Mama mwenye nyumba, niliyekuwa nimemwandika mwalimu mstaafu, nikamgeuza mama lishe mwenye banda lake barazani. Kuanzia hapo kelele zikawa maisha yake: konda anaagiza chai na chapati, mama anamjibu mwanawe huku anapaza sauti kuishinda honi. Ugomvi wao ukawa mkali kuliko nilivyouandika mwanzo.

Lakini kelele hukatika vibaya ukiunganisha picha: honi inalia kwenye sura ya mama, ukihamia kwa mtoto kimya. Kwa hiyo kila tulipomaliza onyesho, niliwaomba wote wasimame walipo bila kusema, hata sufuria isiguswe, tukarekodi barabara peke yake dakika kadhaa. Kwenye uhariri tulitandaza sauti hiyo chini ya onyesho zima, na mishono ikapotea. Usiondoke eneo la kurekodia bila sauti hiyo. Ni bure, na ukiifuata kesho yake haitafanana.

Jambo jingine: panga ratiba kwa maeneo, usifuate mtiririko wa hadithi. Maonyesho yote ya sebuleni tuliyapiga kwa mkupuo, hata yale ambayo baba wa kwenye hadithi ameshafariki.

Siku ya kusaini na chaneli nilisoma kifungu cha haki kabla ya kutazama bei. Walichukua haki ya kurusha kwa muda maalumu. Hadithi, wahusika na misimu inayofuata vikabaki kwangu. Muda ulipoisha wakaomba kuirusha tena, tukajadiliana bei upya, na malipo hayo ndiyo yaliyoanzisha msimu wa pili.