Siku Moja Maishani Mwangu: Kumtafuta Nyoka Mwenye Pembe Usambara Mashariki

Saa 12 asubuhi. Kabla ya chai, gambuti zinapinduliwa na kukung'utwa, maana nge hupenda kulala humo. Chai, kiporo cha muhogo, begi mgongoni, tunaingia msituni Amani.

Watu wakisikia "kazi ya nyoka" wanawaza mcheza nyoka wa mnadani. Kazi yenyewe ni mitego ya ndoo. Ndoo 11 za lita 20 zimefukiwa mpaka midomo yake ikalingana na ardhi, kila moja mita 5 kutoka mwenzake. Juu yake umepita ukuta wa nailoni wa mita 50, umesimamishwa kwa vigingi, na pindo la chini limefukiwa ili asipite mtu chini kwa chini. Kiumbe akiufikia ukuta anaufuata, anatumbukia. Ukaguzi ni mapema, jua lisijewapika vyura humo. Matundu ya ndoo yakizibwa na tope, mvua ya usiku mmoja inazamisha kila kitu. Siafu wakipita ni balaa zaidi: unakuta mifupa, na wewe mwenyewe unavua suruali mbio.

Mchana ni kuzibua matundu, kukausha madaftari na kusinzia.

Lakini tunayemtaka hasa, Atheris ceratophora, si wa ndoo. Ni nyoka wa jamii ya kifutu anayeishi vichakani, mara nyingi chini ya kimo cha kiuno, hafiki hata sentimita 60, na juu ya kila jicho ana magamba yaliyochongoka kama vipembe. Hapatikani kwingine duniani ila milima ya Tanzania: Usambara, Uluguru, Udzungwa. Nyoka wa njuga wa Marekani hutikisa mkia ukajua yupo. Huyu ananyamaza tu.

Saa 1:30 usiku, tochi za kichwani, mwendo wa kinyonga. Macho ya komba yanawaka kwenye mwanga. Ya nyoka hayawaki. Kwa hiyo unatafuta umbo: kona ya mwili isiyofanana na tawi. Akiwa wa manjano una bahati. Akiwa wa rangi ya zeituni unaweza kumpita hatua moja usimwone.

Saa 3 hivi anaonekana, na hapo ndipo mgeni mwenye kamera anapoanza. "Kaka, msogeze kidogo tu, kwenye lile tawi zuri." Hasogezwi, mkuu. Mkia wake umezungushwa tawini kama kamba. Ukimvuta unamtegua uti wa mgongo. Unamtegemeza kwa fimbo ya ndoano, unasubiri alegeze mwenyewe. Dakika tano, wakati mwingine kumi. "Basi zima tochi yako, inaharibu picha." Tochi haizimwi mkono ukiwa karibu na kifutu. "Mbona hana hasira?" Ndiyo, na shukuru.

Akishalegea, anaelekezwa kwenye bomba la plastiki linaloonyesha ndani. Theluthi ya mwili ikiingia, unamshika pamoja na mdomo wa bomba. Bomba likiwa pana anageuka ndani na kukurudia, ndiyo maana tunabeba ya vipenyo vitatu. Pima kutoka puani hadi tundu la haja, kisha mkia peke yake. Mpime uzito mfukoni, toa uzito wa mfuko.

Dawa mahsusi ya sumu yake haipo. Ile ya Afrika Kusini inayosaidia kwa kifutu wa kawaida, swila na koboko haikutengenezwa kwa huyu, na jamii hii sumu yao huzuia damu kuganda. Akikuuma: hakuna kuchanja, hakuna kufunga kamba, tuliza kiungo, shuka hospitali. Huko damu mililita 2 huachwa dakika 20 kwenye chupa safi ya kioo. Isipoganda, shughuli ipo.

Sijui saa ngapi tunamrudisha. Kichaka kilekile, tawi lilelile lenye utepe mwekundu. Mgeni bado anapiga picha. Miguu imevimba ndani ya gambuti, na juu ya majani mvua imeanza tena, wala matundu ya ndoo ya nane sikuyazibua.