Shina la Pamba

Kila ikikaribia tarehe 27 Februari simu yangu haitulii. Vijana wa redio, watu wa televisheni, wote wana ombi moja: "Mzee, wewe ndiye uliyeandika filamu ya Vita vya Maji Maji, njoo utusimulie walivyonyongwa." Nawaelewa. Nduna Songea Mbano na wenzake, waliopigana na Wajerumani katika vita hivyo wakanyongwa mwaka 1906, wanastahili kukumbukwa, na kitanzi ni picha inayojisimulia yenyewe. Ila mimi, ukinitajia tu Maji Maji, mawazo hayaendi mjini Songea walikonyongwa. Yananipeleka vilima vya Matumbi, huko Kilwa, kwenye shamba la pamba la kijiji cha Nandete.

Filamu yenyewe mnajua ilivyoishia, sina haja ya kurudia. Prodyuza alitaka rashasha na moto, akavipata, na hela ikaishia huko. Tukio la Nandete lilikuwa na ukurasa mmoja tu kwenye skripti, na nililazimika kuligombea.

Ni Julai 1905. Tangu 1902 serikali ya Kijerumani ilikuwa imewasukumia watu mashamba ya pamba ya kijiji, kazi ya shuruti, kwa ujira mdogo kiasi kwamba wengine walikataa hata kuupokea. Kule Ngarambe, mganga Kinjikitile alishagawa maji yake ya dawa, yaliyoaminika kuzuia risasi, na kuwaambia watu wasubiri amri. Wamatumbi wakachoka kusubiri. Wazee wawili, Ngulumbalyo Mandai na Lindimyo Machela, wakaingia shambani wakang'oa mashina machache ya pamba. Basi. Hiyo ndiyo ilikuwa kutangaza vita. Hakuna aliyefyatua risasi.

Siku ya kurekodi, aliyepangwa kuwa Mandai hakutokea. Tukamwomba mzee mmoja wa pale pale kijijini, aliyekuja kutazama tu, avae kaniki na kuingia. Mwongozaji akamwelekeza: ng'oa, rusha juu, piga kelele.

Mzee akachutama. Akalishika shina chini kabisa, linapoingia ardhini, kwa mikono miwili. Mzizi wa pamba huzama, hautoki kwa hasira. Akaliyumbisha huku na huku, taratibu, mpaka likaachia. Kisha akainua mguu akaupigapiga mzizi kwenye kisigino, udongo ukadondoka pale pale ulipotoka, akausawazisha kwa kiganja. Shina akalilaza pembeni na kulisogelea la pili.

"Kata! Mzee wangu, hii ni vita!"

"Nimesikia, mwanangu," akajibu bila kugeuka. "Pamba ni ya Mjerumani. Udongo ni wetu, nitautupaje?"

Mwongozaji akanitazama mimi, kana kwamba nimemfundisha. Wakarudia. Mzee akafanya vile vile, kisigino na kiganja. Mpiga picha akasema jua linazama, hakuna nafasi ya kurudia tena, kwa hiyo kikabaki kilichopatikana. Kwenye filamu ni kitambo kifupi mno, ukipiga chafya umekikosa.

Nilipokuja kuandika riwaya sikuwa na mtu wa kuniambia jua linazama. Nikampa Mandai kisigino kile, kiganja kile, na maneno yale. Kurasa kadhaa. Ndipo mwaka juzi mwalimu wa sekondari akaniambia, kwa furaha kabisa, kwamba wanafunzi wake wameandika kwenye mtihani wa historia kuwa Mandai alikung'uta udongo kwa sababu udongo ulikuwa wa Wamatumbi. Amewapa alama zote.

Katika simulizi za wazee zilizokusanywa na wanafunzi wa chuo cha Dar es Salaam mwaka 1968, zile nilizozisoma, mashina yamo, udongo haumo. Rafiki yangu mwanahistoria anasema natengeneza nyaraka bandia kwa mwandiko mzuri. Mimi humjibu kwamba mzee yule alilelewa na watu wa vilima vile vile, na mkono nao hurithi. Pengine huo ni utetezi wa mtu anayeishi kwa kutunga. Sijui.

Sasa mhariri anataka toleo jipya, lenye neno la mwandishi linaloeleza kipi kimetoka kwenye simulizi na kipi nimebuni mwenyewe. Nimelianza mara kadhaa. Akida wa Kibata, mtu wa serikali ya Kijerumani, anaingia safu ya simulizi bila taabu, mpenzi wa Mandai anaingia safu ya niliyoyabuni. Ninapokwama ni kwenye kile kisigino: hakimo kwenye simulizi, na mimi sikukibuni.