Kona ya mwisho Beijing
Jana umeme umekatika, nikamalizia bando langu kwa kurudia fainali ya BMX (mbio za baiskeli ndogo kwenye njia yenye matuta na kona) ya wanawake, Olimpiki ya Beijing 2008. Ndiyo mara ya kwanza mchezo huu kuingia Olimpiki.

Dhahabu alibeba Anne-Caroline Chausson wa Ufaransa, na alistahili. Ila mimi namfuatilia Jill Kintner, Mmarekani. Huyu dada alikuwa bingwa wa dunia mara tatu mfululizo, 2005 hadi 2007, kwenye zile mbio za baiskeli za milimani ambapo wanne wanateremka pamoja wakigombea njia. Kisha akarudia kibaiskeli kidogo alichoanzia utotoni, na goti bovu juu!

Kona ya mwisho, Shanaze Reade wa Uingereza anajipenyeza ndani kumpita Chausson. Wanagusana, Reade huyo chini. Wengine wanapita, Kintner anaambulia shaba.

Chausson naye ni mtu wa milimani, tena gwiji wa mteremko. Kwa hiyo dhahabu na shaba za BMX zilikwenda kwa watu wa milimani. Mashabiki wa BMX mpo?

Baadaye Kintner akarudi zake milimani, akaendelea kushinda.