Jioni Moja Tirana: Nilivyopanga Matembezi, Chakula na Ngoma za Waalbania kwa Familia Yangu

Familia yetu imetawanyika. Wengine tunaishi Ujerumani na Uholanzi, na wazee wetu wako Tanga, kwa hiyo wanapokuja Ulaya huwa tunachagua mji mmoja wa kukutania. Mara hii tulikutana Tirana, mji mkuu wa Albania, mwishoni mwa Septemba, nami nikakabidhiwa kazi ya kupanga jioni ya kuuona mji, kula chakula cha wenyeji na kutazama ngoma zao za asili. Masharti ya wazee yalikuwa wazi: mama mkubwa anasumbuliwa na magoti, sala ya Magharibi isitupite njiani, nyama iwe ya halali, na pombe isiwekwe mezani petu. Shangazi aliongeza sharti lake mwenyewe. "Mwanangu," aliniambia, "sitaki ngoma ya kukaa na kutazama tu." Katika yote niliyoagizwa, hilo ndilo nililolitilia maanani zaidi, na mipango mingine yote niliipanga kulizunguka.

Wakala niliowaulizia walikuwa na ratiba za jioni zenye vituo vingi, gari la kupanda na kushuka, kisha chakula na onyesho la nusu saa. Niliona ratiba ya namna hiyo ingewachosha wazee na kuwanyima kile kinachoufanya mji ule upendeze saa za jioni. Jua likianza kupoa, watu wa Tirana hutoka kutembea bila haraka, wazee kwa vijana, wameshikana mikono, wakisimama kusalimiana na kuketi mikahawani. Desturi hiyo wenyewe huiita xhiro. Katikati ya mji ni tambarare, na maeneo muhimu yamekaribiana. Basi nilimtafuta kijana mwongoza watalii, mwenyeji anayezungumza Kijerumani vizuri, nikamwomba atutembeze kwa miguu katika maeneo machache, huku kila baada ya mwendo mfupi pakiwapo mahali pa kukaa.

Tulianza saa kumi na nusu katika mtaa wa Blloku. Leo mtaa huo umejaa mikahawa na maduka, lakini wakati wa utawala wa kikomunisti ulikuwa umetengwa kwa ajili ya viongozi wa juu wa chama, na raia wa kawaida hakuruhusiwa kuingia. Nyumba aliyoishi Enver Hoxha, aliyeitawala nchi hiyo mpaka alipofariki mwaka 1985, bado ipo, na tuliitazama kwa nje tukiwa tumeketi tunakunywa kahawa. Karibu na hapo kuna kumbukumbu ndogo yenye handaki la zege, kipande cha Ukuta wa Berlin na nguzo zilizotolewa katika mgodi wa Spaç, ambako wafungwa wa kisiasa walifanyishwa kazi. Nilitaka wazee wapaone mahali hapo mapema, kwa sababu mtu asipojua kufungiwa kwa nchi ile hawezi kuuelewa uchangamfu wa barabara zake za leo.

Tulipita kwenye Piramidi, jengo lililofunguliwa mwaka 1988 kuwa makumbusho ya Hoxha, ambalo sasa limekarabatiwa na kuwekewa ngazi pembeni ili watu wapande hadi juu na humo ndani vijana hufundishwa teknolojia. Vijana wetu walipanda. Wazee walibaki chini kivulini. Kisha tulifuata mto Lana mpaka kwenye daraja la mawe la karne ya 18 linaloitwa Daraja la Watengeneza Ngozi, tukapitia barabara ya waenda kwa miguu inayopakana na mabaki ya ukuta wa ngome, tukatokea katika Uwanja wa Skanderbeg, uliopewa jina la shujaa wa taifa la Waalbania.

Hapo niliwapa watu muda mrefu. Uwanja ni mpana mno, hauruhusu magari, na sakafu yake imejengwa kwa mawe yaliyoletwa kutoka sehemu mbalimbali za nchi za Waalbania. Sanamu ya Skanderbeg akiwa juu ya farasi iliwekwa mwaka 1968, miaka 500 baada ya kifo chake. Kwetu, hata hivyo, kilichogusa zaidi ni Msikiti wa Et'hem Bey ulioko pembeni, ulioanza kujengwa mwishoni mwa karne ya 18 na kukamilika mwanzoni mwa karne ya 19, ukiwa na michoro ya miti, maporomoko ya maji na madaraja kwenye kuta zake, jambo lisilo la kawaida misikitini. Mwongozaji alitueleza kwamba mwaka 1967 dini zote zilipigwa marufuku, misikiti na makanisa yakafungwa, na kwamba tarehe 18 Januari 1991 maelfu ya watu waliingia katika msikiti huu na kusali bila idhini ya serikali. Mjomba alimuuliza kama ana jamaa aliyeshuhudia siku hiyo. Alijibu kwamba babu yake alikuwepo, ingawa kwa miaka mingi hakuwa amesoma Fatiha kwa sauti hata nyumbani kwake. Jua lilizama karibu saa kumi na mbili na dakika arobaini, na wazee wakasali Magharibi humo humo. Nilikuwa nimeipanga ratiba yote kurudi nyuma kutoka saa hiyo ya sala, na nampendekezea kila anayesafiri na watu wa swala afanye vivyo hivyo, kwani ukianza na saa ya chakula utajikuta unawakimbiza watu.

Baada ya sala nilimwomba mwongozaji atufundishe hatua za ngoma pale pale uwanjani, kabla ya kwenda mkahawani. Ngoma ya Waalbania huitwa valle, na nyingi huchezwa kwa watu kushikana mikono na kufanya mstari au duara lililo wazi, wakielekea kulia. Tulijifunza hatua za pogonishte, ngoma ya kusini iliyo tulivu: hatua moja ya taratibu, mbili za haraka, na mwili ukiwa umenyooka. Ngoma hiyo haina kuruka, kwa hiyo hata mama mkubwa aliimudu. Mwongozaji alitueleza pia adabu zake, kwamba anayeongoza hushika kitambaa na ndiye anayeamua mwendo, na kwamba mgeni huingia mwishoni mwa mstari na hapaswi kujichomeka mbele. Maelezo hayo mafupi yalikuwa na faida kubwa, kwa maana mtu asiyejua aingie wapi hubaki kitini usiku kucha.

Mkahawa nilikuwa nimeutembelea adhuhuri, nao uko karibu na Pazari i Ri, soko lililokarabatiwa ambalo mboga, jibini na zeituni zake zinatosha kumpotezea mtu saa nzima. Waislamu ni wengi Albania, lakini nyama ya nguruwe huuzwa waziwazi na pombe iko karibu kila mahali, kwa hiyo niliona si vyema kuridhika na dhana. Nilizungumza na mpishi mwenyewe, akanihakikishia mahali anaponunua kondoo wake na nani anayechinja, tukapanga vyakula kimoja kimoja. Fërgesë ya Tirana, kwa mfano, ina namna mbili: ya pilipili hoho, nyanya na jibini laini, na nyingine inayotiwa maini, tulichagua ya kwanza. Raki, pombe kali ambayo mgeni hukaribishwa nayo, niliomba isiletwe, na badala yake tuletewe dhallë, yaani mtindi uliozimuliwa kwa maji na kutiwa chumvi. Bei niliomba iandikwe kwenye karatasi. Wako wenyeji wanaotaja bei kwa hesabu ya zamani ya leki, sarafu ya Albania, iliyoachwa rasmi miaka ya 1960, ambayo ina sifuri moja zaidi, na mgeni akisikia elfu ishirini hajui kama ni elfu mbili.

Tulikaa mezani saa mbili usiku. Ulianza byrek wa spinachi wenye matabaka membamba ya unga, ikafuata fërgesë katika vyungu vidogo ikiwa bado inatokota, pamoja na mkate wa mahindi wa kuchovya. Chakula kikuu kilikuwa tavë kosi, nyama ya mwanakondoo iliyopikwa na wali kidogo, ikafunikwa kwa mtindi uliopigwa na mayai na kuokwa mpaka juu pakawa na rangi ya dhahabu. Chakula hicho kinanasibishwa na mji wa Elbasan, na utamu wake uko katika kutoka jikoni kikiwa cha moto, kwani kikipoa mtindi hushikamana na kuwa mzito. Ndiyo maana niliagiza mapema kiokwe kwa saa tuliyokubaliana. Wazee, ambao kwa kawaida huviona vyakula vya Ulaya kuwa havina ladha, walikula na kuongeza. Mwisho tuliletewa trileçe, keki iliyoloweshwa maziwa ya aina tatu na kumwagiwa sukari iliyounguzwa juu yake.

Ngoma zilianza tulipokuwa tunamaliza kula. Vijana kutoka kundi la ngoma walicheza kwanza ngoma za kaskazini, wakiwa na kofia nyeupe za sufu na wakiruka kwa kufuata mdundo wa lodra, ngoma kubwa inayopigwa pande mbili, huku mwingine akicharaza çifteli yenye nyuzi mbili. Wanawake walivaa mavazi ya kaskazini, na mmoja wao alivaa xhubleta, sketi ya sufu nzito iliyotanuka chini, ambayo ufundi wake uliingizwa na UNESCO mwaka 2022 katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa haraka. Zikafuata za kusini, wanaume wakiwa na fustanella, vazi jeupe lenye marinda mengi. Katika ngoma ya Osman Taka kiongozi alijipinda nyuma mpaka mgongo ukakaribia sakafu, na mwongozaji akatunong'oneza kwamba inasimuliwa kuwa Osman Taka, aliyehukumiwa kifo zama za Waturuki, alicheza kwa ustadi mkubwa hata kifo chake kikaahirishwa. Nilikuwa nimeomba pia waimbe wimbo wa sauti nyingi wa kusini, ule ambao wengine hushikilia sauti moja ndefu huku wawili wakipokezana maneno juu yake. Uimbaji huo uko katika orodha ya urithi wa dunia usioshikika tangu 2008, na kwangu ulikuwa kilele cha onyesho.

Nilichokisubiri lakini kilikuwa sehemu ya pili, pale wachezaji walipowaachia ukumbi wageni na familia za wenyeji zilizokuja kula. Nilikuwa nimemwomba mpiga klarineti aanze na pogonishte. Alipoanza, mwongozaji alimshika mkono mjomba, mjomba akamshika shangazi, nasi tukaungana na mkia wa mstari wa watu tusiowajua. Mama mkubwa alicheza mizunguko miwili, akaketi, kisha akarudi. Baadaye mama mmoja wa Kialbania aliyekuwa anaongoza alimwita shangazi mbele na kumkabidhi kitambaa, na ukumbi mzima ukapiga makofi. Wenyeji walikuwa wakimtunza mpiga klarineti kwa noti, wengine wakimbandika kwenye paji la uso. Wazee wetu, waliozoea kutunza katika taarabu, hawakuhitaji maelezo yoyote. Kwa bahati nilikuwa nimebadilisha pesa na kuwa na noti za leki 200 na 500, nikawagawia.

Tulilipa hesabu ileile iliyoandikwa mchana, tukaongeza bahshishi ya wahudumu, na kufika saa tano tukawa tunarudi hotelini kwa miguu kupitia uwanjani, ambako bado kulikuwa na watu wengi na watoto wakicheza mpira. Mjomba alisisitiza kwamba lazima aile tavë kosi huko inakonasibishwa, kwa hiyo kabla ya kuagana nilimwomba mwongozaji atutafutie gari la kwenda Elbasan asubuhi.