Kwenda Bristol kwa Basi Lililokufa Njiani

Kutoka London hadi Bristol hakufiki kilomita 200, na treni hupiga njia hiyo kwa chini ya saa mbili. Lakini nauli waliyonitajia dirishani, wallahi, ningekwenda nayo Nairobi, nikarudi Mombasa, nikala pilau njiani na chenji ikabaki. Nikachukua basi. London yenyewe sina la kuisimulia: mvua ilinyesha na mimi nilikuwa na mafua.

Kwa nje basi lilipendeza. Ndani choo kilikuwa kimefungwa kwa utepe, na hewa ya moto ilitoka upande wa pili tu, upande wangu miguu ikiganda. Tulipoipita Swindon ikaanza harufu ya mpira unaoungua. Dereva akalikokota hadi kwenye kituo cha mapumziko kando ya barabara ya M4, akazima injini, akatutangazia kwa sauti ya upole mno kwamba basi jingine litaletwa. Litaletwa lini, hakusema.

Kwetu basi likifa Mtito Andei, haupiti muda abiria wanakuwa bunge: huyu analaani kampuni, yule anamfundisha fundi kazi, mama mmoja amekwishafungua kikapu cha viazi karai na kuwalisha watoto wa watu. Pale kila mtu aliinamia simu yake. Nikaingia ndani kununua chai. Kikombe cha karatasi, maji ya moto na kifuko kinachoelea, kwa bei ambayo Mwembe Tayari ningeinywesha familia. Nikaketi dirishani nikiwa nimenuna.

Mtu mmoja tu alikuwa nje na dereva: mzee wa miaka sabini na ushee, mikono nyuma, ameinamia mlango wa injini kama daktari aliyestaafu. Alipochoka na baridi akaja kuketi mezani kwangu. Akaniuliza nimetoka wapi, nikamwambia Mombasa. Wengine wote niliokutana nao safari ile, nikitaja Kenya waliniuliza habari za simba. Huyu aliniuliza, "Mlikuwa na mabasi gani?" Nikamwambia ya KBS, Kenya Bus Services. Akatikisa kichwa kwa furaha: Leyland, bila shaka. Kisha akaanza kunieleza kwamba Leyland si kitu, basi la kweli lilitengenezwa Bristol, na yeye aliingia kiwandani pale Brislington akiwa kijana wa kufundishwa kazi.

Basi jipya lilichukua muda mrefu kufika, na muda wote huo sikujuta. Mzee aliisimulia kampuni ile ya usafiri ya Bristol, yenye kiwanda chake, kama mtu anayesimulia ukoo wake. Ilianza mwaka 1875 na tramu za kukokotwa na farasi. Mwaka 1895 ikaingiza tramu za umeme. Mkuu wake, George White, hakutosheka na ardhi; mwaka 1910 alianzisha kampuni ya ndege, na ndege za mwanzo zikaundwa ndani ya mabanda ya tramu huko Filton. Kuanzia 1908 walikuwa wakijiundia mabasi yao wenyewe, maana ya kununua hayakuwaridhisha kwa vilima vya mji ule. Na tramu ziliishaje? Mwezi Aprili 1941 bomu la Wajerumani lilianguka kwenye daraja la St Philip's, likakata umeme, na tramu hazikurudi tena.

Lakini moyo wake ulikuwa kwenye Lodekka, basi lao la ghorofa. Akachukua vifuko vya sukari na kijiko akanichorea mezani. Uingereza imejaa madaraja ya reli yaliyo chini mno, na basi la ghorofa la kawaida halipiti. Zamani dawa yake ilikuwa kuisogeza njia ya kupita abiria wa juu iende ubavuni, tena ishushwe, viti vikae vinne vinne kama benchi la msikitini. Aliye dirishani akitaka kushuka anawaruka watu watatu, na aliyekaa chini, upande ulioshushwa dari, akisimama ghafla anagonga kichwa. Mwaka 1949 mafundi wa Bristol wakaja na jibu lao: usiibane ghorofa ya juu, ishushe sakafu ya chini. Shafti inayopeleka nguvu nyuma wakaisogeza pembeni, ekseli ya nyuma wakaipinda katikati ishuke, na basi zima likapungua kimo bila abiria kuminywa popote. "Unaona?" aliuliza, akipitisha kifuko cha sukari chini ya kijiko. Niliona. Yaliundwa zaidi ya 5,000 kabla ya kusitishwa mwaka 1968. Na yangekuwa mengi zaidi, alisema, lakini serikali ilipoichukua kampuni mwaka 1948 kiwanda kilizuiwa kuuzia watu wa nje. Wasiokuwa wa serikali walilitamani kwa macho, mpaka kampuni ya Dennis ilipopewa leseni ya kulitengeneza kwa jina jingine.

Nilikuwa na swali langu. Dada yangu ni muuguzi Bristol, na mwanawe alikuwa amenitumia insha yake ya shule juu ya mwaka 1963. Nikamuuliza mzee: je, ule mgogoro wa makondakta weusi?

Akakoroga chai ambayo ilikuwa imekwisha. Kisha akasema kwamba ule ulikuwa upande wa usafirishaji. Kiwanda kilikuwa kampuni mbali, tangu 1955.

Ni kweli, kwenye makaratasi viligawanywa mwaka huo. Sikubishana naye. Lakini nimelifikiria jibu lile kuliko yote mengine aliyonieleza, kwa sababu mji mzima ulikuwa nalo la namna hiyo. Meneja wa kampuni ya mabasi alisema akiajiri weusi, wazungu wataondoka. Tawi la chama cha wafanyakazi pale lilikuwa limepitisha azimio mwaka 1955 kwamba watu wa rangi wasipewe kazi ya dereva wala kondakta. Mshahara ulikuwa mdogo, wakiishi kwa saa za ziada, wakaogopa wageni watazimaliza. Chama kikisema ni kampuni, kampuni ikisema ni chama. Na Wajamaika waliokuwa wakilipa nauli kila asubuhi walikuwa wanaruhusiwa kuyaosha mabasi hayo na kupika kantini.

Paul Stephenson, afisa wa vijana ambaye baba yake alitoka Afrika Magharibi, aliupasua mchezo huo kwa simu. Aliuliza kama kuna nafasi, akaambiwa ipo, akamwombea usaili kijana Guy Bailey, mwenye umri wa miaka 18, msomi wa jioni na kiongozi wa vijana kanisani. Kampuni ilipojua Bailey ni Mjamaika, usaili ukafutwa. Mwisho wa Aprili 1963 Stephenson na wenzake, akina Roy Hackett na Owen Henry, wakatangaza watu wasipande mabasi. Wanafunzi wa chuo kikuu wakaandamana. Tony Benn, mbunge wa Bristol, akasema yeye hatapanda hata ikibidi atafute baiskeli. Harold Wilson, kiongozi wa chama cha Labour, akawaunga mkono. Learie Constantine, mcheza kriketi aliyekuwa balozi wa Trinidad, naye hakunyamaza. Tarehe 27 Agosti wafanyakazi wapatao 500 walikutana wakakubali kuondoa kizuizi, na kesho yake kampuni ikatangaza. Siku hiyo hiyo Martin Luther King alikuwa akihutubia Washington. Katikati ya Septemba Raghbir Singh, Kalasinga, akawa kondakta wa kwanza asiye mzungu.

Mzee alinyamaza muda. Halafu, bila kuulizwa, akasema baba yake alikuwa dereva, na alikuwa kwenye mkutano ule. "Hatukuwahi kumuuliza aliinua mkono upande gani."

Basi jingine likafika. Alikaa mbele karibu na dereva, na tulipofika Bristol alishuka akapotea kabla sijafikia begi langu.

Siku zilizofuata nilizimaliza kwa dada yangu nikila ugali, maana mikahawani bei zilinitisha. Nilikwenda kituo cha mabasi kuona bamba la kumbukumbu ya mgomo ule. Watu wanapita na masanduku yao. Kanisani St Mary Redcliffe palikuwa na vioo vya dirisha vya kumkumbuka Colston, mfanyabiashara wa watumwa. Wameviondoa, na katika vipya kimoja kinaonyesha mgomo wa mabasi. Pale nilisimama zaidi kuliko nilivyotarajia. Chama cha wafanyakazi kimeomba radhi, ingawa kwa mwendo wa kobe: mwaka 2013.

Mwaka ule wa 1963, mwezi Desemba, sisi tulipandisha bendera yetu. Lakini mabasi, je? Huku ndiko nilikojifunza kwamba kampuni ya United Transport, iliyoimiliki KBS kwa miaka mingi, makao yake yalikuwa Chepstow, mji mdogo wa Wales ng'ambo ya mto Severn, karibu kabisa na Bristol. Utotoni nilidhani KBS ni ya serikali, kama bendera na posta. Baadaye, mwaka 1991, ikanunuliwa na Stagecoach ya Uskochi, nao wakaiuza 1998, matatu zikiwa zimekwishawala.

Nikamwomba dada anipeleke. Tukavuka daraja la zamani kwa gari lake; siku hizi halilipiwi, kitu pekee cha bure nilichokipata nchi ile. Chepstow ina vilima, maduka ya keki na ngome kuu ukingoni mwa mto Wye. Nikamweleza mpwa wangu kwamba pesa za nauli ya Likoni zilikuwa zikiishia mji huu.

"Kwa hiyo KBS ilikuwa ya watu wa hapa?"

"Kwa sehemu kubwa. Halmashauri ya Nairobi nayo ilipewa robo ya hisa za kule kwao."

"Na Mombasa?"

Nikamwambia twende tukaione ngome. Mlangoni tukasoma kiingilio cha watu wazima, dada akanitazama, tukaizunguka kwa nje.