Siku Moja Maishani Mwangu: Shahidi wa Pili

Saa kumi na moja na nusu asubuhi. Chai iko jikoni, nami naongea peke yangu. Leo tunarekodi kipindi cha vichekesho vya mahakama, na nimepewa shahidi wa pili: fundi wa viatu aliyeona mbuzi akiibiwa. Maneno yake hayajazi nusu ukurasa. Hiyo ndiyo kazi yangu tangu ujana. Leo shahidi, kesho karani, keshokutwa baba mkwe mkali. Watu barabarani wananijua sura, jina hawalijui.

Saa moja. Nashuka matatu Gikomba, soko kubwa la Nairobi, kabla ya kwenda studio, nikakae karibu na fundi mmoja tunayejuana. Anashika misumari midogo kwa midomo, kwa hiyo anaongea na upande mmoja tu wa mdomo. Mteja akija, anamtazama viatu kwanza. Uso baadaye, mara nyingine hautazami kabisa. Nimepata mtu wangu.

Saa mbili na nusu. Njiani napita Barabara ya Harry Thuku, mbele ya jengo la KBC, shirika la utangazaji la Kenya, na kila nikipita hapo namkumbuka Mzee Ojwang', mhusika aliyechezwa na Benson Wanjau. Vijana wanaotaka kuigiza nawaambia wamtafute kwenye vipindi vya zamani vya Vitimbi, mchezo wa vichekesho wa televisheni. Wanjau alikuwa Mkikuyu, lakini Ojwang' wake aliongea Kiswahili chenye lafudhi ya Kidholuo, na watazamaji wengi waliamini ametoka Nyanza. Lafudhi peke yake haimfikishi mtu huko. Alikuwa na mabega yake, hatua zake, na lile jicho la mume anayejua mkewe, Mama Kayai, ataingia sasa hivi. Naye aliyemcheza Mama Kayai, Mary Khavere, alikuwa akimsikiliza kikweli kabla ya kumjibu. Kabla ya KTN kuanza mwaka 1990 nchi nzima ilikuwa na kituo kimoja tu cha televisheni, kwa hiyo ukicheza vizuri usiku mmoja, kesho yake soko zima linaongea kama wewe.

Saa nne hadi saa saba ni kungoja. Taa zinapangwa, poda inapakwa, sare ya askari inatafutwa.

Saa saba na robo naitwa kizimbani. Mwongozaji ametupa mkondo wa kesi tu, maneno mengine tuyatafute wenyewe. Kijana anayecheza mshtakiwa ana kipaji, ila anaigizia kamera. Namnong'oneza, "Mwanangu, mtazame hakimu. Yeye ndiye atakufunga." Anaitikia, "Sawa, Mzee." Kiongozi wa mashtaka ananiuliza kama namtambua mwizi. Nainama polepole, namwangalia miguu. "Uso sikuuona, mheshimiwa. Lakini ile soli ya kushoto niliishona mimi, na hajanilipa." Halafu nanyamaza. Hapo ndipo wengi wanaharibu: wanaongeza sentensi ya pili, kicheko kinakufa. Nikinyamaza, hakimu anapata nafasi ya kuinuka kitini achungulie viatu, mshtakiwa anaficha mguu mmoja nyuma ya mwingine, na kesi imekwisha bila yeyote kusema neno. Mwigizaji msaidizi anamwachia mwenzake mlango wazi.

Saa kumi. Nasaini fomu ya malipo. Kuna mahali niliwahi kufanya kazi ambapo vipindi vyetu vilirudiwa hewani miaka na miaka, na sisi hatukuona hata senti. Linaniuma mpaka leo, kwa sababu baadhi ya wenzangu wa wakati ule walizeeka na kuugua huku sauti zao zikichekesha watu sebuleni kila wiki. Vijana nawasihi: soma mkataba, uliza kuhusu marudio, uliza kabla hujapakwa poda.

Saa kumi na mbili na nusu. Msongamano wa magari. Kondakta ananitazama, anacheka: "Si wewe ni yule chifu?" Namjibu kwa sauti ya chifu, gari zima linaamka.

Saa tatu usiku. Prodyuza amepiga simu: wiki ijayo nicheze karani wa ofisi ya ardhi. Nimemuuliza jambo moja tu, kama karani huyo anavaa miwani ya kusomea. Akivaa, kila atakayemjia dirishani itabidi asubiri aitafute, aifute, aivae, kisha amwambie arudi Jumatatu. Prodyuza amesema ataileta miwani mwenyewe.